Mchezo Mmoja, Mashine Mbili: Jinsi ya Kushiriki bila Kukosana

 

Mwalimu mlezi wa chama chetu cha Kiswahili alipotutaka kila mmoja aandike juu ya jambo analolijua vizuri, wenzangu walikimbilia ukulima wa kahawa, usafi wa mazingira na maana ya methali. Mimi nilinyamaza. Jambo ninalolijua vizuri kuliko yote ni lile lililonikosanisha na rafiki yangu wa chanda na pete, nalo ni mchezo wa video. Walimu wangu, msininunie. Sikuja kuwasifia watu wanaokesha mbele ya runinga wakati mtihani uko mlangoni. Nimekuja kueleza namna watu wawili wanavyoweza kununua mchezo mmoja na kuucheza kwenye mashine mbili, na kwa nini jambo hilo ni la kuaminiana kabla halijawa la mitambo.

Sisi wa Makutano hapa Meru tuna bahati ya jina. Najua Kenya ina Makutano nyingi. Iko ya Kapenguria, na iko ile wanayopita wasafiri wa kwenda Embu. Lakini zote maana yake ni moja: mahali ambapo njia mbili zinakutana. Na mahali njia mbili zinapokutana ndipo pia magari hugongana, madereva wasipoangaliana.

ZAMANI ZA SIDI

Katika vibanda vya PlayStation vya mtaani, mambo ni rahisi. Unalipa shilingi zako ishirini, unapewa padi, unacheza mechi yako, unaondoka. Mchezo wenyewe mara nyingi umo ndani ya sidi. Ukiwa na sidi yako nyumbani, unaweza kumwazima rafiki kama unavyoazima kitabu. Akiwa nayo yeye, wewe huna. Akiirudisha, unayo tena. Mkikosana, unaenda kwao kuidai. Hata mtoto mdogo anaelewa sheria hiyo.

Mwaka 2013 jambo hili lilizua mjadala mkubwa duniani. Kampuni ya Microsoft ilipotangaza mashine yake ya Xbox One mwezi wa Mei, ilisema mashine hiyo ingehitaji kuunganishwa na mtandao angalau mara moja kila saa 24, na kwamba kupeana sidi kungewekewa masharti. Wachezaji walikasirika sana. Mwezi wa Juni, wapinzani wao wa Sony wakatoa video fupi isiyofika nusu dakika, ya kufundisha jinsi ya kumwazima mwenzako mchezo wa PlayStation 4. Katika video hiyo Shuhei Yoshida, mkubwa mmoja wa Sony, anamkabidhi mwenzake Adam Boyes sidi mkononi, naye anashukuru. Basi, somo limekwisha! Watu walicheka mpaka mbavu zikauma, na kabla ya mwezi kwisha Microsoft ilikuwa imeyaondoa masharti yake.

Lakini siku hizi watu wengi hawanunui sidi. Wananunua mchezo wa dijitali, yaani unaopakuliwa kwa intaneti moja kwa moja hadi kwenye mashine. Hakuna kitu cha kushika mkononi. Sasa utamwazimaje rafiki kitu kisichoshikika?

REJISTA YA DARASA

Hapa ndipo wengi wanapochanganyikiwa, kwa hiyo nitaeleza polepole.

Ukinunua mchezo wa dijitali, kwa kweli hununui mchezo. Unanunua leseni, yaani ruhusa ya kuucheza. Ruhusa hiyo haiandikwi kwenye mashine yako. Inaandikwa kwenye akaunti yako, na akaunti inawekwa na kampuni huko kwao. Fikiria rejista ya darasa. Ukiwa umelipa karo, jina lako liko kwenye rejista. Sare unaweza kuvaa hata ukiwa mgeni, lakini rejista ndiyo inayosema wewe ni mwanafunzi.

Kila mara unapofungua mchezo, mashine inauliza: huyu yuko kwenye rejista? Na kuna aina mbili za mashine.

Ya kwanza ni ile ambayo akaunti yako imeichagua kuwa mashine kuu. Hii ni kama darasa lililopewa nakala yake ya rejista. Haina haja ya kwenda ofisini kuuliza. Inafungua mchezo hata kama hakuna intaneti, na, sikiliza vizuri hapa, inamfungulia mtu yeyote anayetumia mashine hiyo, hata akiwa na akaunti yake nyingine kabisa.

Ya pili ni mashine yoyote nyingine ambayo umeingia kwa akaunti yako. Hii haina nakala. Lazima iende ofisini kuuliza, yaani lazima iwe na intaneti, na inakufungulia wewe mwenye akaunti peke yako. Intaneti ikikosekana, alama ndogo ya kufuli inatokea kwenye picha ya mchezo, nawe unabaki nje ya geti kama mwanafunzi aliyechelewa.

Kwenye PlayStation 4 kila akaunti ina mashine kuu moja tu. PlayStation 5, iliyotoka Novemba 2020, inafuata mpango uleule kwa jina jingine. Zamani mambo yalikuwa mapana zaidi: kwenye PlayStation 3 akaunti moja iliruhusiwa mashine tano, lakini Novemba 2011 Sony ikapunguza hadi mbili.

Kutokana na sheria hizo, watu wakagundua ujanja. Mimi na wewe tuna mashine mbili. Mimi nanunua mchezo kwa akaunti yangu. Kisha nakuja kwenu, naingia kwa akaunti yangu kwenye mashine yako, naifanya iwe mashine kuu yangu. Wewe unacheza kwa akaunti yako bila shida, kwa sababu mashine yako ina nakala ya rejista. Mimi narudi nyumbani, nafungua mashine yangu, naingia kwa akaunti yangu, nacheza kwa sababu mimi ndiye mwenye leseni. Mchezo mmoja, mashine mbili, na mara nyingi tunaweza kuucheza wote wawili kwa wakati mmoja. Sidi haiwezi kufanya hivyo!

Lakini umeona kinaya kilichomo? Aliyenunua ndiye anayehitaji intaneti kila siku. Aliyekaribishwa anacheza hata kama mtandao umekufa. Mwenye nyumba amekuwa mpangaji, na mgeni ndiye ameshika ufunguo.

YALIYOTUPATA SISI

Rafiki yangu nitamwita Jirani, kwa sababu tangu kidato cha kwanza madawati yetu yanagusana. Kila mmoja wetu ana PlayStation 4 kuukuu. Yangu aliniachia binamu yangu alipopata mpya; yake ilinunuliwa na kaka yake mkubwa anayefanya kazi ya ufundi.

Likizo ya Aprili 2025, tukiwa kidato cha pili, tuliamua kununua mchezo wa kandanda wa EA Sports FC 25. Mchezo huu ndio uliokuwa ukiitwa FIFA mpaka jina lilipobadilishwa mwaka 2023, na hapa mtaani wengi bado wanauita FIFA. Ulikuwa umepunguzwa bei. Tulichanga shilingi 1,800 kila mmoja. Zangu nilizipata kwa kuchuma kahawa na kuuza maparachichi, zake sikuuliza. Tukanunua kadi ya dola 25 kutoka kwa muuzaji wa mjini, tukalipa kwa M-Pesa, naye akatutumia namba za siri kwa ujumbe wa simu. Ilibidi kadi iwe ya Marekani, kwa sababu akaunti yangu ilifunguliwa kwa duka la Marekani, na kadi ya nchi moja haikubaliki kwenye akaunti ya nchi nyingine. Kumbuka hilo kabla hujatuma pesa zako.

Akaunti ikawa yangu. Mashine kuu ikawa yake, kwa sababu kwao hakuna waifai, na sisi tulikuwa nayo. Dada yangu alikuwa akiilipia kwa ajili ya kazi yake. Tulipakua mchezo mara moja tu, hapa kwetu, kwenye diski ya nje ya kuchomeka, kisha tukaipeleka kwa Jirani ikahamishia mchezo kwenye mashine yake. PlayStation 4 imekubali jambo hilo tangu mwaka 2017, na linaokoa makumi ya gigabaiti. Muhula wote wa pili tuliishi raha mustarehe. Jumatatu asubuhi tulikuwa tunasimuliana mabao kabla ya gwaride.

Likizo ya Agosti ikaja. Dada yangu akapata kazi Nairobi, akahama, na waifai ikaenda naye. Mimi nilikuwa nimekwenda Maua kwa nyanya yangu kwa muda. Niliporudi nikawasha mashine, kufuli! Nikazima, nikawasha tena, kufuli lilelile.

Nikamwendea Jirani. Nilimkuta barabarani akitoka dukani.

"Bana, mchezo umenifungia," nikamwambia. "Si tubadilishe, mashine yangu iwe kuu kwa likizo hii?"

Akaangalia chini. "Subiri shule zifunguliwe. Saa hii haiwezekani."

"Haiwezekani kwa nini? Akaunti si ni yangu?"

"Na nusu ya pesa si ni yangu?"

Tukaachana hivyo. Nilirudi nyumbani nikifoka peke yangu. Kwani mimi ni mjinga? Jina ni langu, barua pepe ni yangu, na mwingine ndiye anacheza! Siku ya pili nikaenda saiba. Nikaingia kwenye akaunti yangu kwa kompyuta, nikatafuta ile sehemu ya kuondoa mashine zote kwa pamoja. Kitufe hicho kimewekwa kwa ajili ya mtu aliyeibiwa mashine au aliyeiuza bila kuiondoa, ndiyo maana kinaruhusiwa mara moja tu kwa miezi sita. Mimi sikuwa nimeibiwa kitu. Nilikibonyeza kwa hasira.

Nyumbani nikanunua bando la shilingi ishirini kwenye simu ya mama, nikaunganisha mashine, nikaifanya kuu. Kufuli likatoweka. Nilicheza mechi tatu, lakini sikusikia utamu niliouzoea.

Wiki hiyo mama alisikia sokoni kwamba kwa kina Jirani kuna mgonjwa. Akanituma na kichana cha ndizi. Nikaenda kwa miguu mizito. Mama yake akanikaribisha, "Ingia mwanangu, ingia," kama kwamba hakuna lililotokea. Ndani, kwenye kiti kirefu, alikuwa amelala mdogo wake Jirani, mtoto wa gredi ya tano, mguu umefungwa plasta mpaka kwenye paja. Alikuwa ameanguka kutoka kwenye mti wa makadamia nilipokuwa Maua. Padi ilikuwa mapajani mwake. Kwenye runinga, picha ya mchezo wetu, na juu yake kufuli.

"Imeharibika," mtoto akaniambia. "Kaka alipounganisha na simu tu, ikaharibika. Wewe unajua kutengeneza?"

Msomaji, nilitamani ardhi ipasuke inimeze. Jirani alikuwa amesimama mlangoni. Nilimuuliza kwa sauti ya chini kwa nini hakuniambia.

Akanijibu, "Ulikuja kuuliza mashine. Hukuja kuuliza hali."

Sikuwa na la kusema. Nilitoka, nikakimbia mpaka nyumbani, nikanunua bando jingine la shilingi ishirini, nikaiondoa mashine yangu kwenye nafasi ya kuu. Kuondoa kwa njia hii, ukiwa umekaa mbele ya mashine yenyewe, hakuna mipaka. Unaweza kufanya wakati wowote. Nikarudi kwao, nikaingia kwa akaunti yangu, nikaifanya mashine yao kuu tena. Kazi yote haikufika dakika kumi. Mtoto akapiga kelele ya furaha, akaanza kuchagua timu.

Hapo ndipo akili ilinijia. Mashine isiyo kuu haihitaji waifai ya nyumba nzima. Inahitaji kuuliza tu rejista, na swali hilo ni data kidogo sana, mradi umezima kule kupakua kwa kujitendea. Bando lile la shilingi ishirini lingenifungulia mchezo bila kumgusa mtu. Nilikuwa karibu kuuza urafiki wa miaka miwili kwa shilingi ishirini.

RUHUSA INAWEZA KUONDOKA

Usidhani ni sisi watoto tu tunaofungiana. Hata wenye rejista hufunga. Julai 2009 kampuni ya Amazon ilifuta vitabu viwili vya George Orwell kutoka kwenye vifaa vya Kindle vya watu waliokuwa wamevinunua, kwa sababu aliyeviweka dukani hakuwa na haki navyo. Kimoja ni Animal Farm, kile ambacho Fortunatus Kawegere alikitafsiri kwa Kiswahili kikaitwa Shamba la Wanyama. Wasomaji walirudishiwa pesa na kampuni ikaomba radhi, lakini somo lilibaki. Kitabu cha karatasi kilichomo kabatini mwako hakuna anayeweza kukifuta akiwa Marekani.

Tarehe 31 Machi 2024 kampuni ya Ubisoft ilizima mitambo ya mchezo wa magari uitwao The Crew, na baadaye ikaondoa hata leseni za walioununua. Na Februari 2025 mtandao wa PlayStation ulizimika duniani kwa muda wa karibu saa 24. Waliokuwa na michezo ya dijitali kwenye mashine isiyo kuu walibaki wakitazama kufuli, ingawa pesa walilipa zamani. Kwa sababu ya mambo kama haya, jimbo la California huko Marekani lilipitisha sheria, iliyoanza kazi tarehe 1 Januari 2025, kwamba duka la dijitali lisitumie neno "nunua" bila kumweleza mteja wazi kwamba anachopata ni leseni.

Basi, ikiwa wewe mwenyewe umepewa ruhusa tu, na unaigawa kwa rafiki, jua kwamba mnagawana ruhusa ya mwenye duka. Ndiyo maana masharti ni muhimu.

MASHINE NYINGINE

Wenye Xbox wana mpango unaofanana. Mashine kuu wao huiita Xbox ya nyumbani, na wanaruhusiwa kuibadilisha mara tano kwa mwaka. Nintendo walianza mtindo mpya Aprili 2025: mchezo wa dijitali unafanywa kama kadi ya kuwaziwa, na unaweza kumwazima mtu aliyeandikwa kwenye kundi la familia yako kwa wiki mbili, kisha unarudi wenyewe. Kwa wenye kompyuta, Steam inaruhusu familia ya watu hadi sita kushiriki michezo yao, lakini nakala moja inachezwa na mtu mmoja kwa wakati mmoja. Tena huko ukimpa mwenzako mchezo wako naye akafanya udanganyifu akafungiwa, na wewe unafungiwa. Chagua ndugu wa kweli!

MASHARTI TULIYOANDIKIANA

Mimi na Jirani tuliketi tukaandika masharti kwenye karatasi ya daftari, tukatia sahihi wote wawili. Nayatoa hapa ili yakufae.

Kwanza, shirikiana na mtu mmoja tu, na awe yule ambaye ungemwachia ufunguo wa nyumba yenu. Mashine kuu ni moja. Wakiwa watatu, mmoja lazima atalia.

Pili, usimpe mtu nywila yako. Kanuni za PlayStation zinakataza, na akaunti inaweza kufungwa. Nenda mwenyewe kwao, ingia mwenyewe, fanya kazi, ondoka. Washa pia ule ulinzi wa hatua mbili, ambao PlayStation wanao tangu 2016, ili namba ya kuingilia ije kwenye simu yako au ya mzazi.

Tatu, usiache kadi ya benki ya mzazi kwenye akaunti ambayo iko kwenye mashine ya watu wengine. Tumia kadi za namba, zikiisha zimeisha.

Nne, kabla ya kununua amueni nani atakuwa na mashine kuu. Mwenye intaneti ya kuaminika awe ndiye asiye nayo. Hali ikibadilika, kaeni chini muamue upya. Msingoje kufuli liwaamulie.

Tano, kitufe cha kuondoa mashine zote ni cha wizi na dharura. Hakiguswi kwa hasira.

Sita, jueni mapema mtakavyoachana. Mchezo wa dijitali haugawanyiki. Mmoja akihama, leseni inabaki kwenye akaunti iliyonunua. Sisi tulikubaliana kwamba mchezo wa pili ununuliwe kwa akaunti ya Jirani, na mashine yangu iwe kuu ya akaunti yake. Kwa hiyo kila mmoja ameshika ufunguo wa mwenzake, na hakuna mwenye nyumba wala mpangaji. Ukiona huwezi kukubaliana na mtu juu ya hili, nunua sidi kuukuu. Ni kitu cha kushikika, na ukichoka nacho unakiuza.

Saba, na hili aliliandika Jirani kwa mkono wake: kabla ya kuuliza mashine, uliza hali.

Karatasi hiyo iko ndani ya kamusi yangu hadi leo. Mguu wa yule mdogo ulipona. Siku hizi anatufunga mabao sisi sote wawili na kutucheka. Nasi tumeingia kidato cha tatu madawati yetu yakiwa bado yanagusana, na wakati wa mtihani padi zote mbili hukaa kwa mama yake Jirani, ambaye hana nywila wala hatua mbili, lakini kabati lake hatujawahi kulifungua.

Msomaji, kalamu yangu imechoka. Aliyekwisha kuumwa na nyoka akiona ung'ong'o hushtuka, nami nimeumwa kwa niaba yako. Ukitaka kushiriki na mwenzako, shiriki. Raha ya mchezo ni kuwa wawili. Ila kumbuka kwamba kufuli la kwenye mashine linafunguliwa kwa bando la shilingi ishirini. La moyoni mwa rafiki halina bando.

Nakuaga nikikutakia masomo mema.